Mzee Ana Fahamu?

Nesi alishika kalamu juu ya fomu akaniuliza bila kuinua macho: "Kaka, mzee ana fahamu?"

Baba alikuwa kwenye machela kati yetu. Macho yalikuwa wazi. Mdomo ulikuwa umevutwa upande, mkono wa kulia umelala kando ya mwili kama wa mtu mwingine, na kila nilipomwita alinitazama, lakini sauti iliyomtoka ilikuwa moja tu, "eee", ndefu, haina mwanzo wala mwisho. Ilikuwa saa nane za usiku. Nikasema, "Sijui, dada." Akaandika.

Swali lile huulizwa kila siku kwenye kila mapokezi ya hospitali, na yeyote aliyemleta mgonjwa hulijibu. Mimi nilikuwa labda mtu pekee kwenye korido ile aliyewahi kutahiniwa juu yake. Kabla ya kuacha njia ya upadre nilisoma falsafa miaka mitatu katika seminari kuu, na somo nililolipenda kuliko yote lilikuwa nafsi na akili kwa wanafalsafa wa zama za kati. Mtihani wa mwisho ulikuwa wa mdomo, dakika 15, mapadre wawili mezani. Nilimweleza Ibn Sina, nikamweleza Ibn Rushd, nikamalizia na Thomas wa Akwino, sikukwama hata mara moja. Nikapata alama nzuri, nikatoka nje, nikala mandazi mawili, na nadhani nilianza kusahau hapohapo.

Padre aliyetufundisha alisoma noti zake kwa Kiingereza, akinukuu Kilatini hapa na pale, na umeme ukikatika alihamia Kiswahili. Sijui giza lilimfanya nini. Ninachojua ni kwamba vipindi nilivyovielewa ni vile vya giza. Katika kimojawapo ndipo alipotuletea mtu anayeelea wa Ibn Sina.

"Chukulia umeumbwa sasa hivi," alisema, "mtu mzima kamili. Lakini macho yamefunikwa, na uko hewani, hata upepo haukugusi. Mikono na miguu imetawanywa, vidole havigusani. Huna cha kuona, huna cha kusikia, huna cha kushika. Je, utajua kwamba upo?"

Ibn Sina, aliyezaliwa karibu na Bukhara mwaka 980 na kufia Hamadan mwaka 1037, alijibu kwamba utajua. Hutajua kama una mkono. Hutajua kama una moyo au ubongo. Lakini kwamba upo, hilo utalijua. Basi huyo anayejijua si mkono, si moyo, wala si ubongo. Ni nafsi.

Jambo lile nililiweka akiba mpaka nilipopasuliwa ngiri, mwaka wangu wa pili katika ualimu. Walinidunga sindano ya mgongo, kuanzia kiunoni kwenda chini kukafa ganzi. Nikiwa nimelala nikaona mguu unainuliwa upande wa pili wa pazia, nikawaza, huyo mgonjwa mwingine wamemleta saa ngapi? Kumbe ulikuwa wangu. Niliutambua kwa kovu la baiskeli lililo gotini. Nikacheka peke yangu, daktari akauliza kama nasikia maumivu, nikamwambia hapana, namkumbuka Ibn Sina. Hakuuliza zaidi.

Ila kuna kitu ambacho padre hakutuambia, au alituambia umeme ukiwepo. Ile "mimi" iliyobaki juu ya pazia ilikuwa nyembamba mno. Ilisikia baridi, ilitaka kujua saa ngapi wanamaliza, basi. Thomas alikuwa na neno juu ya hilo. Akifafanua sura ya 15 ya Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho aliandika kwamba nafsi yangu si mimi. Mtu, kwake yeye, ni nafsi na mwili kwa pamoja, na nafsi hata kujijua haijijui moja kwa moja. Inajijua kwa kujikuta kazini: inapoona, inapokumbuka, inapoelewa kitu fulani. Kama haina kazi, haina cha kujikamatia.

Na kazi yake inaanzia kwenye hisi. Macho na masikio hupokea, kichwani huhifadhiwa taswira za vitu, halafu akili huchambua humo kile kilicho cha wote, si cha mti huu tu bali cha kuwa mti. Mpaka hapo ni Aristotle mtupu, yule mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale. Kile ambacho Thomas alikikazia ni kwamba hata jambo ulilokwisha kulijua huwezi kulifikiri tena bila kurudi kwenye taswira. Anatoa ushahidi wa namna mbili. Wa kwanza, mtazame mtu aliyepatwa na ugonjwa wa kichwa, jinsi anavyoshindwa kuelewa hata yale aliyoyajua tangu zamani. Wa pili, jitazame mwenyewe: ukitaka kuelewa kitu unajichorea mfano moyoni, na ukitaka kumwelewesha mwenzako unampa mfano. Mwalimu yeyote aliyewahi kusimama mbele ya kidato cha pili anajua ushahidi wa pili ni wa kweli.

Ule wa kwanza ndio nilioutumia kumzika Baba kabla hajafa.

Kwa sababu hivi ndivyo nilivyojenga hoja, nikiwa nimekaa kwenye benchi la wodi. Kiharusi kimepiga ubongo. Ubongo ndio ghala la taswira. Ghala limeharibika, akili haina pa kugeukia. Kwa hiyo Baba, kwa sasa, haelewi. Hoja imekaa sawa, ina msingi na hitimisho, padre angeipa alama. Ndugu zangu ambao hawakusoma falsafa walikuwa bado wanamsemesha. Mimi niliyesoma ndiye niliyeacha kwanza.

Tulimrudisha nyumbani Songea baada ya wiki mbili. Baba alikuwa seremala, karakana yake iko nyuma ya nyumba, na kwa kuwa chumba chake kilikuwa kidogo tulimwekea kitanda sebuleni, chini ya dirisha, harufu ya mbao imfikie. Wageni walikuja kwa wingi. Siku za kwanza kila aliyeingia alikwenda kitandani, akainama, "Shikamoo, Mzee," akasubiri. Badala ya marahaba ilitoka "eee". Wiki ya tatu nikaanza kuona kitu ambacho sikukipa jina: watu walikuwa wanaingia, wanamwamkia Mama, wanakaa, wanamtazama Baba, halafu wanamuuliza Mama, "Anaendeleaje?" Shikamoo ilikuwa imekwisha. Haikufutwa na mtu. Ilikauka yenyewe, maana nani atasalimia mahali pasipojibu?

Hapo ndipo nilipaswa kukumbuka ukuta.

Habari ya ukuta inaanzia kwa Ibn Rushd wa Cordoba, aliyeishi kati ya mwaka 1126 na 1198. Wengi huisimulia kana kwamba mzee yule alikosa akili timamu, na hilo si haki. Swali lake lilikuwa zito, na nitaliweka kwa lugha ya karakana. Viti viwili vya mchoro mmoja ni viwili kwa sababu kuna mninga wa hiki na mninga wa kile. Ondoa mbao, ubaki na mchoro: uko mmoja. Sasa, kama akili haina mwili, haina mbao, ni kitu gani kitakachoigawa iwe yangu na yako? Tena wewe na mimi tukielewa kwamba pembe za pembetatu zinajumlishwa kuwa nyuzi 180, tunaelewa jambo moja, si mawili yanayofanana. Kwa hiyo, akasema Ibn Rushd, akili ni moja kwa wanadamu wote. Kilicho chako ni taswira za kichwani mwako, na akili ile moja inakufikia kwa kupitia hizo.

Vitabu vyake viligeuzwa Kilatini, vikafika Paris, na vijana wa huko wakavishika. Siger wa Brabant, mwalimu wa chuo cha huko, alikuwa mbele. Mwaka 1270 Thomas aliandika kijitabu cha kumjibu, na humo hasira yake, ambayo kwa kawaida haifichi kwenye vitabu vyake kwa kuwa haipo, inaonekana wazi. Jibu lake ni la mtu wa kawaida kabisa. Ukuta una rangi. Mimi nikiitazama rangi ile, nani anayeona, mimi au ukuta? Ukuta unaonwa, hauoni. Basi kama taswira zilizo kichwani mwangu zinatazamwa na akili isiyo yangu, mimi sielewi. Mimi naeleweka. Nimegeuka ukuta. Naye Thomas alianzia kwenye jambo ambalo hakukubali kulijadili: mtu huyu, huyu mmoja aliye hapa, anaelewa. Ukilikana hilo huna haki ya kukaa mezani, maana wewe unayelikana ni nani?

Nilikuwa naweza kuyaeleza hayo kwa dakika nne bila kuvuta pumzi. Na sebuleni kwetu Baba alikuwa amegeuka ukuta, mimi nimekaa hatua mbili kutoka kwake, nasahihisha daftari.

Jioni moja tukisali rozari kilitokea kitu kilichotuliza wote. Mama aliongoza, "Salamu Maria, umejaa neema, Bwana yu nawe," na tulipoitikia sauti ya Baba ikawa ndani yake. Maneno kamili. "Maria Mtakatifu, Mama wa Mungu, utuombee sisi wakosefu, sasa na saa ya kufa kwetu. Amina." Mtu asiyeweza kusema "maji" kwa wiki tano! Dada yangu alipiga magoti akalia. Rozari ilipokwisha Baba akanyoosha mkono wa kushoto kwenye jagi, akajikakamua, "Ma... ma..." na kilichotoka kikawa "Maria". Akajaribu tena. "Maria." Akapiga godoro kwa ngumi.

Watu walishangilia sala. Mimi sikushangilia, na mpaka leo nadhani nilikuwa sahihi, ingawa kwa sababu mbaya. Sala iliyosemwa mara elfu kumi inaweza kutoka yenyewe, kama maji ya bomba lililoachwa wazi. Ibn Sina angesema imetoka ghalani, haikupitia kwa mwenye ghala. Kilichopaswa kunishtua ni ile ngumi. Ukuta haukasiriki kwa kusema neno lisilo lake.

Shuleni nilimsimulia mwenzangu, mwalimu wa Jiografia, mwenyeji wa Kilwa aliyesoma madrasa mpaka ujana wake. Alisikiliza, akaniuliza kama nilifundishwa habari za Ghazali kule seminari. Kidogo, nikasema, kama mpinzani wa Ibn Sina. Akatikisa kichwa. "Mwalimu, Ghazali alikuwa bubu." Akanieleza: mwaka 1095, akiwa mwalimu mkuu wa chuo cha Nizamiya cha Baghdad, mtu anayesikilizwa na mamia, ulimi wake ulifungwa. Alijikaza siku moja afundishe, awaridhishe waliomjia, neno halikutoka. Hata maji hayakupita kooni. Matabibu wakakata tamaa. Baada ya hapo aliacha cheo, akaondoka mjini. "Na aliyeandika habari hiyo," mwenzangu akasema, "ni yeye mwenyewe, alipopona. Huko ndani hakukuwa kimya. Kulikuwa na soko."

Ugonjwa wa Ghazali haukuwa kiharusi, mwenyewe anasema ulianzia moyoni, kwa kung'ang'ania cheo. Lakini "kulikuwa na soko" lilinikaa.

Siku hiyohiyo mwenzangu aliniuliza Ibn Sina alitumia maneno gani kwa hizo nguvu za nafsi nilizozikariri kwa Kilatini. Sikujua. Akayaandika pembeni mwa ratiba ya vipindi: aql, nafs, hiss, fikr, hifdh, fahm. Nikayasoma mara mbili. Akili, nafsi, hisi, fikra, hifadhi, fahamu. Vitabu vya Ibn Sina vilitafsiriwa Toledo katika karne ya 12, Myahudi mmoja akilisema neno kwa lugha ya mtaani na padre akiliandika kwa Kilatini, vikaenda Paris, vikafika kwetu seminari kwa Kiingereza, na kumbe maneno yenyewe tayari yalikuwa mdomoni mwa bibi yangu. Nilikwenda kuazima kwa jirani chungu kilichomo jikoni mwetu. Na nesi, usiku ule, alikuwa ameniuliza kwa neno la Ibn Sina hasa: ana fahamu?

Kikao cha familia kilikaa Jumamosi. Fedha zilikuwa zimekwisha, dawa za presha zinatakiwa kila mwezi, na kuna fundi aliyetaka kununua vifaa vyote vya karakana kwa mkupuo. Baba mdogo aliongoza. Alikuwa na huzuni ya kweli, nisimsingizie. Alisema, "Mzee mwenyewe ndiyo hivyo, hana fahamu. Tuamue sisi." Hakuna aliyegeuka kumtazama Baba. Mimi ni mtoto wa kwanza, nikapewa kalamu, nikaandika orodha na kuisoma kwa sauti.

"Misumeno, mitano. Patasi, tisa. Jiliwa, moja. Nyundo, tatu. Randa, tatu."

"Eee."

Ile sauti tulikwisha kuizoea kama mlango unaolia. Nikaendelea na kamba za kubania. "Eee," safari hii kwa nguvu. Nikainua macho kwa kukereka. Mkono wa kushoto wa Baba ulikuwa juu ya blanketi, vidole vinne vimesimama, dole gumba limekunjwa kwenye kiganja. Nikadhani ni misuli. Nikasema polepole, "Randa, tatu." Akatikisa ule mkono. Vinne.

Mama akaweka kikombe chini. "Ni nne," akasema. "Moja kaiazima yule kijana aliyejifunza kwake, tangu kabla ya Pasaka."

Tarehe 10 Desemba 1270 Askofu Étienne Tempier wa Paris alipiga marufuku hoja 13 zilizokuwa zikifundishwa chuoni. Ya kwanza ilisema akili ya wanadamu wote ni moja. Ya pili ilisema kwamba kauli "mtu anaelewa" ni ya uongo, au haisemwi sawasawa. Kule seminari tuliicheka ile ya pili. Nani angekuwa na haja ya kumpiga marufuku mtu anayekataa jambo la wazi kiasi hicho? Sebuleni kwetu tulikuwa watu tisa, tunalikataa jambo hilo tangu saa nne asubuhi, na karatasi nilikuwa nayo mimi.

Baba mdogo alinyamaza kwa muda. Halafu akasimama, akaenda kitandani, akainama mpaka kichwa kikafika usawa wa godoro. "Shikamoo, kaka."

"Eee," Baba akajibu.

Karakana haikuuzwa siku hiyo. Tuliuza vitu viwili tu, na kila kimoja kililetwa mbele yake kwanza. Hapo nilijifunza jinsi ya kumsoma Thomas upya. Ukimuuliza Baba kwa maneno, "Tuuze jiliwa?" mara nyingi aliduwaa, macho yakatangatanga. Ukiileta jiliwa yenyewe, ukaiweka mapajani mwake, alijibu papo hapo kwa kichwa. Taswira aliihitaji, kama alivyosema Thomas. Kosa langu lilikuwa kudhani kwamba mlango wa taswira ni maneno tu. Nikaanza kuchora kwenye maboksi: mlango, dirisha, kitanda, sahani, choo. Mama hakuhitaji michoro. Yeye alikuwa akimwelewa kwa nyusi tangu mwanzo, na nilipomuuliza kwa nini hakutuambia, alisema hakuna aliyemuuliza.

Wale wazee wa zama za kati, kwa heshima zao zote, walikosa kitu hapa. Ibn Sina aligawa kichwa vyumba: mbele hisi zinakutana na taswira zinatunzwa, katikati fikra, na pia ile nguvu inayomfanya kondoo amwogope mbwa mwitu bila kufundishwa, nyuma kumbukumbu. Chumba cha lugha hakuna. Hawakuwazia kwamba ulimi unaweza kuzama peke yake na mwenyewe akabaki anaelea. Ilibidi kusubiri mwaka 1861, kando tu ya Paris, daktari Paul Broca alipoupasua ubongo wa mgonjwa wa hospitali ya Bicêtre ambaye kwa miaka mingi karibu hakuweza kusema ila "tan", ilhali mengi aliyoambiwa aliyaelewa. Palipoharibika palikuwa upande wa kushoto, kwa mbele. Wa Baba ni upande huohuo, daktari alituambia baadaye.

Yule kondoo, kwa njia, tulimwona pia. Fundi aliyetaka kununua vifaa kwa mkupuo alipokuja mara ya pili, mwenye tabasamu na soda mkononi, Baba aligeuza uso ukutani mpaka alipoondoka. Mpaka leo sijui alimwona nini. Hatukumuuzia.

Randa ya nne ilirudi mwezi uliofuata. Kijana aliifunga kwenye gazeti, akaingia akiwa na hofu, akaamkia, akasubiri "eee" yake, akaipata. Nikaifungua, nikamwekea Baba mkononi, ule wa kushoto. Aliigeuza chini juu, akapitisha dole gumba kwenye makali taratibu, kutoka pembe mpaka pembe, akamtazama kijana, akatikisa kichwa.

Kijana akainama. "Kweli, Mzee. Sijainoa."